Meno ya kauri

Leo asubuhi tumeirudisha kauri baharini. Tulitoka mjini Lamu saa tatu, maji yakivuta, tukafuata ufuo kuelekea Shela, Ami, baba yangu mdogo, mbele na bakora yake, mimi nyuma na kauri nimeifunga kwenye pindo la leso kama pesa. Ni ile kauri ya madoadoa, kubwa kama yai la bata, na ilikuwa imekaa wiki nne kwenye kidaka cha chumbani kwake. Tulipofika mahali alipoiokota, Ami alivua makubadhi, akapandisha kikoi, akaingia hadi magotini. Hakuitupa. Aliinama akailaza, mdomo ukitazama mchanga, akaipapasa mara moja kuona kama imekaa sawa, kisha akarudi nchi kavu akihema. Ana miaka sabini na kitu, na kuinama kwenyewe sasa ni kazi.

Kila kitu anachokichora hukifanyia hivyo. Watu wakisikia kwamba kuna mzee mtaa wa Mkomani amechora makombe ya bahari kwa zaidi ya miaka arobaini, hudhani chumba chake kimejaa makombe kama maduka ya pwani. Chumba kina kitanda cha kamba, mswala, meza iliyopungukiwa na mguu, sanduku mbili za mbao, na makaratasi. Kikishachorwa kitu, hurudi kilikotoka: kombe baharini, mche wa mkoko topeni, jani chini ya mti wake. Nilipokuwa mdogo nilimuuliza kwa nini asituachie hata moja la kuchezea. Akanichukua kwenye majabali akanionyesha yule kaa mdogo anayehamia kwenye kombe tupu, akinenepa anatafuta jingine kubwa zaidi. "Nyumba ya mtu hii," akasema, "mimi nimeazima tu." Siku hizi kuokota makombe kwenye hifadhi za bahari kumekatazwa, na Kiunga, hapo kaskazini yetu, imekuwa hifadhi tangu 1979. Ami katazo hilo alishajiwekea mwenyewe kitambo.

Naandika haya usiku huu kwa sababu sina usingizi, na kwa sababu kuna jambo juu ya Ami ambalo nimelikosea maisha yangu yote.

Ami ni mdogo wake marehemu baba. Babu alikuwa fundi wa milango, na wanawe wote walianzia pale chini ya dari la karakana, miguu ikiwa imezama kwenye vumbi la mbao. Kwetu neno ni moja kwa kazi mbili: patasi huchora, na penseli nayo huchora. Ami alikuwa wa penseli. Yeye ndiye aliyepewa bikari na rula kupanga nakshi juu ya ubao kabla haujachongwa, mnyororo pembeni, mawaridi juu. Kwa patasi, bibi alikuwa akisema, mtoto huyu anaua mbao. Hata kwa penseli hakudumu. Inasemekana siku moja aliletewa kazi ya kizingiti cha juu, akaenda kuchuma waridi la kweli akalitia kwenye gilasi ya maji, akalikodolea macho siku tano. Waridi la babu lilikuwa na petali nane, miaka yote. Lile la kwenye gilasi halikuhesabika. Mteja akachukua ubao wake akaenda kwa fundi mwingine, na babu akamwambia Ami akatafute riziki pengine. Akaenda kufanya kazi ya ukarani kwa mwenye duka la vyakula, akihesabu magunia, na karatasi zake nyingi za miaka ile ni migongo ya hesabu za mchele.

Kwa nini makombe na mbegu, na si majahazi au wanawake wa buibui kama wanavyochora wale wanaouzia watalii? Hilo amelijibu mwenyewe mara nyingi. Alipokuwa chuoni, akisoma Kurani, alichora punda nyuma ya ubao wake wa kusomea, mwalimu akamkamata. Viboko vilikuwa vya kutosha, lakini kilichobaki ni maneno: ukitaka kuchora, chora kisicho na roho. Akalishika hilo mpaka leo. Kombe tupu sawa, konokono aliye ndani yake hapana. Jani lililoanguka sawa. Siku moja nilimletea panzi aliyekufa, amekauka kabisa, akamtazama muda mrefu kwa hamu niliyoiona wazi, akanirudishia. Wapo watakaosema mwalimu yule alimfungia mlango kijana mwenye kipaji. Mimi baada ya kuzipekua karatasi hizi naona kinyume chake. Mtu aliyeambiwa achore chochote hangelitazama komafi moja mara kumi na saba.

Nimetaja komafi. Mkomafi ni ule mti wa kwenye mikoko wenye tunda kama mpira, kubwa karibu na kichwa cha mtoto. Likipasuka, ndani yake mna mbegu kumi na kitu, kila moja ina pembe zake, zimebanana hata sindano haipiti. Zikishatoka, kuzirudisha zikawa mpira tena ni kazi ya kukutoa machozi. Ami alikuwa akinipa mbegu hizo nikae nazo msanani, kwenye ukumbi wa ndani, yeye akichora, na sikuwahi, hata mara moja, kuzipanga zote zikaingia. Nilidhani ni mchezo wa kuninyamazisha. Ulikuwa mchezo wa kuninyamazisha, nina hakika, lakini nimekuta kwenye sanduku karatasi ambayo amechora mbegu zile zimetawanyika juu ya mkeka, kila moja upande ilivyoangukia, na pembeni kidole gumba kidogo cha mguu. Kidole changu, kina kovu la kwato. Ndicho kitu pekee chenye roho nilichokikuta mpaka sasa, na yeye anasema ni mbegu.

Mji huu haukujengewa mtu anayependa kuwa peke yake. Baraza iko nje ya kila mlango, na ukipita bila kuketi unaulizwa unaumwa. Ami husali alfajiri msikitini, hununua mkate, hupanda juu, basi. Alioa mara moja, ndoa ikadumu miezi minane, na mkewe alipoondoka alimwambia bibi bila ubaya wowote kwamba hawezi kuwa mke mwenza wa kombe. Wengine wakasema amechukuliwa na jini la baharini. Watoto walimwita Bwana Makombe na mimi nikawa Mtoto wa Bwana Makombe, jina lililonifuata mpaka skuli. Nikiwa kidato cha pili tulikuwa tumesimama na wenzangu kwenye usita, njia ya mtaani, Ami akapita, kikoi kimelowa, mkononi ameshika kitu amekifunika kama yai. Mmoja akacheka. Nikacheka na mimi. Ami aliniangalia, akasema, "Masalkheri," kama anavyomwambia mtu asiyemjua, akaendelea na njia yake. Hatujawahi kulizungumza.

Sasa nafanya kazi kwenye saiba, duka la kompyuta na intaneti. Tunadurufu, tunapiga chapa, tunawaandikia watu barua za kuomba kazi. Mwaka jana nilipomsaidia kuhamisha sanduku moja kulikimbia dari linalovuja, niliona mchwa wameshaingia pembeni, nikashtuka. Nikamwomba mwenye saiba aniachie skana baada ya kufunga. Ami hakukataa wala hakukubali. Aliuliza tu kama mashine inachoma.

Haichomi, lakini pia haioni. Ami anatumia penseli ngumu, zile za kuchorea ramani, na mkono wake ni mwepesi mno. Kivuli chote anakijenga kwa nukta, moja baada ya moja, hata kombe la ukubwa wa ukucha lina nukta zaidi ya ninavyoweza kuhesabu. Mara ya kwanza skana ilinitolea ukurasa mweupe. Nikakoleza, na nilipokoleza mistari ikatokea, lakini pamoja nayo yakatokea madoa ya mafuta ya vidole, pete za kikombe cha kahawa, na upande wa pili, gunia la mchele kilo 50, gunia la mchele kilo 50. Sasa nimezoea. Nimefika karatasi ya 1,340 na bado niko sanduku la kwanza.

Kilichonisumbua zaidi ni tarehe. Kwenye pembe ya chini ameandika, kwa Kiswahili cha herufi za Kiarabu na bila kutia irabu, vitu kama "Mfunguo tatu, mwezi kumi na sita, kusi, mawingu." Mwezi kumi na sita hapo ni siku ya kumi na sita tangu mwezi uandame. Mimi herufi hizo nazisoma kwenye msahafu, Kiswahili chake nakisoma kwa kubabaisha. Nikamlalamikia kwamba hata mwaka hakuandika. "Mwaka wa nini?" akasema. "Bahari haina mwaka."

Nikadhani ni ukaidi wa wazee. Halafu nikaanza kuzipanga karatasi kwa tarehe hizo za mwezi mwandamo, na jambo likajitokeza lenyewe. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, jua na mwezi huvuta maji kwa pamoja, ndilo bamvua, na bamvua la kwetu hukauka kama saa nne au saa tano asubuhi, mwaka nenda mwaka rudi. Mwezi nane na mwezi ishirini na mbili ni maji mafu, hayajai sana wala hayakauki sana, na yakikauka ni alasiri. Katikati hapo kila siku maji huchelewa kama dakika 50. Kwa hiyo mtu akikwambia mwezi ngapi, amekwambia saa ngapi ufuo uko wazi na ngapi njia ya Shela imefunikwa. Karatasi za kumi na tano na kumi na sita ni za vitu vya mbali, vile vinavyofichuliwa na bamvua peke yake. Za mwezi nane ni majani, mbegu, maganda ya mchu, ule mti wa jamii ya mikoko, vitu vya juu.

Watu walikuwa wakimwona leo anakwenda Shela asubuhi, wiki inayofuata jua likikaribia kuzama, wakasema huyu ameharibikiwa, hana mpango. Nilisema hivyo mimi pia. Kumbe alikuwa na ratiba kali kuliko karani yeyote wa mji huu, na ilikuwa imeandikwa kwenye kila karatasi.

Naomba niseme na hili, liniondoke. Miaka kadhaa nyuma alikuja mtu aliyesema anaandaa maonyesho, mpole, mwenye kadi. Mimi ndiye niliyempandisha juu. Mimi ndiye niliyemshawishi Ami. Mtu yule akachukua karatasi kumi na mbili, akaahidi mwezi mmoja. Zilirudi saba, na baada ya hapo simu yake haikushika. Nililia. Ami alinitazama kama ninayelilia maganda ya ndizi. Akauliza ni zipi zilizopotea, nikamtajia, akafumba macho akaanza kunieleza moja baada ya moja: ile ilikuwa na ufa hapa, ile mdomo wake ulikuwa umeliwa na mdudu akatoboa tundu mbili, moja haikufika ndani. Karatasi hakuzitaka tena. Na mimi bado nina hasira, sitaki kusema uongo.

Usiku mmoja nikingojea skana ipoe nilisoma habari za Rumphius. Alikuwa Mjerumani, akaajiriwa na kampuni ya Waholanzi ya biashara ya mashariki, akaishi Ambon, kwenye visiwa vya Indonesia ya leo, ambako karafuu ilikuwako kabla haijafika Unguja na Pemba. Huko akatumia maisha yake kuandika na kuchora mimea na makombe. Mwaka 1670 akapofuka. Mwaka 1674 tetemeko la ardhi likamuulia mkewe na binti yake. Mwaka 1687 moto ukaunguza michoro yake, ikabidi ichorwe upya na wengine. Akaipeleka kazi Ulaya kwa meli, na meli ikazamishwa na Wafaransa mwaka 1692. Bahati ilikuwa imenakiliwa. Akafa 1702. Kitabu chake cha makombe kikatoka 1705, yeye hayupo.

Nikamsimulia Ami yote haya huku namkaangia samaki. Nilitarajia apigwe na lile la moto, au la meli. Akasikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Na makombe yenyewe yalikwenda wapi?" Nikamwambia aliyauza 1682, kwa mtawala wa Toscana, Italia, na inasemekana hakupenda kuyauza. Ami akaguna. "Maskini," akasema. Sikujua anamhurumia Rumphius au makombe.

Lakini neno la kupofuka lilimkaa. Siku ya pili akaniuliza tena, alipofuka alikuwa na miaka mingapi. Arobaini na kitu, nikamwambia. Akanyamaza. Hapo ndipo nilipojua. Nilikuwa nimeona karatasi za karibuni nukta zimeanza kuwa kubwa, zinapishana nje ya mstari, nikadhani ni mkono. Ni mtoto wa jicho, macho yote mawili. Tumepewa siku ya kupasuliwa kwenye hospitali moja Mombasa, ikaahirishwa, tukapewa nyingine, ikaahirishwa tena. Tunangoja ya tatu. Yeye hana haraka. Mimi ndiye mwenye haraka.

Basi kauri hii aliiokota si bamvua lililopita bali lile la kabla yake, wiki nne zilizopita, akaiweka kidakani, na asubuhi akakaa mbele yake na penseli, na karatasi ikabaki nyeupe. Siku ya tatu akanisukumia ubao. "Chora wewe."

Nilichora yai lenye madoa. Sikuwa na aibu, sijasomea. Akaniambia niigeuze. Kwa nyuma, katikati ya madoa, mna mstari uliopinda, mweupe kidogo. Mimi niliuona kama mkwaruzo nikauacha. Akaniambia ule ni mpaka. Kauri akiwa hai nyama yake hutoka pande mbili ikalifunika kombe lote kama vitambaa viwili, ndiyo maana linang'aa, halisuguliwi na mchanga. Na mahali vitambaa viwili vinapokutana ndipo mstari ulipo. Akaniambia na hili: kauri mchanga hafanani na kauri, ana ganda jepesi, mdomo wazi, kama konokono yeyote. Akikomaa mdomo hujikunja ndani, ukaota meno, na tangu siku hiyo harefuki tena, ananenepa tu. Nilikuwa nikikaa naye nyumba moja tangu kuzaliwa na haya ndiyo nayasikia leo. Sikuwahi kuuliza.

Nililala nikiwaza neno lenyewe. Kauri ni hii, na kauri ni zile sahani za Kichina ambazo wazee walizipachika kwenye makaburi na kuta. Kumbe Waitaliano nao walifanya vivyo hivyo: porcellana lilikuwa jina la kombe hili kabla ya kuwa jina la sahani. Wao na sisi, kila mtu kwake, tuliona mng'ao ni ule ule.

Jana usiku nilifika kwenye meno. Mdomo wa kauri ni ufa mrefu, na kila upande una meno yake, upande wa nje makubwa zaidi, na hayalingani. Mengine yamenyooka, mengine yameinama kama watu wamekaa kwenye boti. Nilichora upande wa nje kwa muda wa saa nzima. Ami alikuwa kitandani na kauri kifuani, maana mimi nilikwisha kuitazama nikadhani naimudu kwa kichwa. Akauliza, "Mangapi?"

"Ishirini na tano."

Akaweka ukucha wa gumba mwanzo wa mdomo, akauburura polepole. Palikuwa kimya hata nikasikia: tik, tik, tik. Akafika mwisho, akarudi tena kutoka mwisho mpaka mwanzo.

"Ino moya limezidi."

Nikamwambia haiwezekani. Akaninyooshea kauri. Nikafumba macho nikapitisha ukucha wangu, nikapata ishirini na nne, nikarudia, ishirini na nne. Nikachukua kifutio, lakini meno yale nilishayabananisha, ukiondoa moja lazima yote yasogee, na ukisogeza yote, mdomo unafupika. Nikaigeuza karatasi nikaanza upya kwenye mgongo wake. Ami alikuwa ameshalala.